Zombi si Ndondocha: Shajara ya Filamu ya Makala kuhusu Mashabiki wa Picha za Kutisha Mtwara

Jumatatu, 2 Juni 2025

Leo kazi imeanza rasmi. Kibali cha kupiga picha kimetoka, nakala yake nimeipeleka kwa afisa utamaduni, na jioni nimekwenda kumwamkia mwenyekiti wa mtaa ambaye, baada ya kuisoma barua yote kwa sauti mpaka kwenye muhuri, aliniuliza swali ambalo naona litanifuata hadi mwisho: "Sasa njomba, watu wanaotazama mazombi wana jambo gani la kutengenezewa filamu?"

Nilimjibu kwa ufupi na jibu lenyewe halikuniridhisha, kwa hiyo naliandika hapa kwa urefu. Kila mji wa Tanzania una banda umiza, yaani chumba cha mabati au cha udongo chenye runinga, spika mbili na mabenchi ambayo ndiyo yaliyolipatia banda jina lake. Wengi hudhani mabanda haya yanaishi kwa mpira wa Ulaya na picha za mapigano, na kwa hesabu ya mapato hawajakosea. Lakini katika banda moja la hapa Mtwara mjini, ambalo mtaa wake sitautaja kwa kuwa mwenye banda ameniomba hivyo, kila Jumamosi baada ya mpira kwisha hubaki watu wapatao thelathini, wakalipa upya shilingi 300 kila mmoja, na mlango ukafungwa ili waonyeshwe picha ya kutisha. Ni walewale kila wiki. Wana sehemu zao za kukaa, wana majina ya utani waliyoyachukua kwa wauaji na mashetani wa kwenye picha, na wana daftari la kurasa 96 lenye jalada la bluu ambamo kila picha huandikiwa alama. Alama hizo hazihusu waigizaji wala hadithi. Huandikwa idadi ya watu ambao, picha ilipokwisha, waliomba kusindikizwa nyumbani.

Daftari hilo ndilo lililonivuta. Nimewahi kusoma juu ya mashabiki wa nchi nyingine wanaokusanya vinyago vya plastiki, wanaosafiri kwenda kwenye matamasha na wanaojua kwa moyo jina la kila fundi wa vipodozi vya damu, lakini sijakutana na kipimo cha hofu kilicho cha kweli kuliko hiki cha mtu mzima kukiri mbele ya wenzake kwamba njia ya kwenda kwake leo ni ndefu kuliko jana.

Kanuni moja ya banda niliyoambiwa leo ni kwamba usiku wa kuamkia Ijumaa picha za kutisha hazionyeshwi kabisa. Nimeiandika kwenye ratiba kwa wino mwekundu.

Jumamosi, 7 Juni

Usiku wa kwanza wa kupiga picha, na taabu ya kwanza ni mwanga. Ndani ya banda hakuna taa inayowaka wakati wa onyesho. Runinga yenyewe ndiyo taa. Nilifunga lenzi ya milimita 50 inayofunguka hadi f/1.8, nikaweka fremu 25 kwa sekunde na kasi ya shata ya 1/50, kwa sababu umeme wetu ni wa hezi 50 na ukienda kinyume na hesabu hiyo, taa na baadhi ya skrini huacha mistari inayotembea juu ya picha. Nyuso zilitoka za bluu, kisha nyekundu, kisha zikapotea kabisa pale picha ilipoingia handakini. Mwanzoni nilidhani ni kasoro, lakini nilipozitazama tena usiku huuhuu niliona kwamba sihitaji taa nyingine.

Kwa hiyo nimeamua kwamba katika filamu nzima kamera itaipa runinga mgongo. Sababu ya kwanza ni hakimiliki, kwa kuwa sina fedha za kununua hata sekunde kumi za picha za Hollywood. Sababu ya pili ni kwamba anayekuja kutazama filamu yangu hana haja ya kumwona muuaji, bali ana haja ya kumwona fundi baiskeli wa miaka arobaini akivuta miguu yake juu ya benchi kidogokidogo, huku akijifanya anakuna goti.

Picha za mapigano zina sheria yake inayojulikana nchi nzima, kwamba steringi hafi. Anayechelewa kuingia huuliza tu "steringi ni nani?", akionyeshwa hukaa kwa utulivu maana ameshajua wa kumfuata. Leo, kwa saa mbili nzima, hakuna aliyeuliza. Nilipomhoji fundi baiskeli juu ya hilo alinijibu, "Picha ya mapigano nikisinzia dakika kumi, nikiamka steringi yupo. Hii nikisinzia, nikiamka nakuta watu wengine kabisa."

Jambo ambalo sikulitarajia ni kicheko. Maiti walipoanza kutembea na kula watu, banda zima lilicheka, wengine hadi kupigana viganja. Msaidizi wangu wa sauti alilazimika kushusha kipimo cha rekoda mara tatu. Daftari limeandikwa waliosindikizwa: 1.

Jumapili, 15 Juni

Leo nimekaa na mtafsiri kwa muda mrefu kuliko nilivyopanga, na nadhani nimeipata filamu yangu.

Mtafsiri hukaa kando ya runinga akiwa na maikrofoni na mikisa ndogo, na kazi yake ni kuwasemea wote waliomo kwenye picha, wanaume, wanawake, watoto, mbwa na shetani. Alijifunza kwa kusikiliza kanda za Lufufu, yule mtafsiri wa Dar es Salaam ambaye wengi wetu tulimjua kwa sauti kabla ya kujua Kiingereza kinasema nini chini yake, na kama Lufufu, yeye naye hafasiri neno kwa neno. Mji wa Marekani huwa Masasi. Polisi mnene hupewa jina la muuza duka wa jirani. Mwanamke anayekimbia porini usiku akiwa amevaa viatu virefu huulizwa na mtafsiri, kabla hajaanguka, kama kwao hawakumfundisha kuvua viatu.

Nilimuuliza ni kwa nini watu wanawacheka maiti wanaotembea. Alinyamaza, akazima simu yake, kisha akanieleza habari ya usiku mmoja wa miaka mitatu iliyopita. Tangu aanze kazi alikuwa akiwaita viumbe hao zombi, kama kila mtu, na watu walikuwa wakicheka kama kawaida. Usiku huo alichoka na neno hilo. Maiti wa kwanza alipotokea mlangoni akiburuta mguu, yeye akasema kwa sauti ya chini kwenye maikrofoni, "Ndondocha huyo."

"Banda likafa, njomba. Nilisikia feni. Nikasema ngoja niendelee kidogo, nikamwita wa pili ndondocha, wa tatu ndondocha. Watu sita wakatoka. Hawakudai hela yao."

Daftari la usiku huo nimelipiga picha. Waliosindikizwa ni 11, na hakuna ukurasa mwingine wenye idadi hiyo. Asubuhi yake wazee wawili walikuja kumwona mwenye banda, wakamwambia kwa upole kabisa kwamba neno hilo halitangazwi kwa spika usiku mahali ambapo watu wamelala na watoto wao. Tangu siku hiyo mtafsiri amerudi kwenye zombi na kicheko kimerudi benchini.

Kwa msomaji wa mbali na Kusini nieleze kwamba ndondocha ni yule ambaye sehemu nyingine za nchi huitwa msukule. Inasemwa kwamba ni mtu ambaye ndugu zake wamemzika kwa machozi, kumbe hakufa. Amechukuliwa kichawi, amekatwa ulimi, anafichwa mchana, na usiku anatolewa kwenda kulima shamba la aliyemchukua, akilipwa pumba. Nasema "inasemwa" kwa makusudi, na nitaendelea kusema hivyo katika filamu yote. Ninachoshughulika nacho ni kwamba picha ileile, sauti ileile ya mlango na maiti yuleyule aliyepakwa rangi huko Marekani, vilibadilika kutoka kichekesho kuwa kitu cha kumtoa mtu bandani, na kilichobadilishwa ni neno moja tu.

Jumatano, 18 Juni

Siku tatu nimekuwa nikifuatilia asili ya zombi, kwa sababu siwezi kutengeneza filamu juu ya tofauti ya maneno mawili huku nikilijua moja tu.

Neno hilo liliingia kwenye sinema kutoka Haiti, nchi iliyokuwa koloni la Ufaransa lenye mashamba ya miwa yaliyolimwa na watumwa kutoka Afrika, hadi wenyewe walipojitangazia uhuru mwaka 1804. Zombi wa Haiti hali watu. Ni maiti aliyeamshwa ili afanye kazi ya mwingine bila ujira na bila kusema. Ndivyo alivyoonyeshwa hata katika White Zombie ya mwaka 1932, ambamo Bela Lugosi ana kiwanda cha sukari kinachoendeshwa na watu wa namna hiyo. Huonekana wakisukuma kinu, mmoja akianguka ndani na wenzake wakiendelea kusukuma. Huyo ukimweleza mtu yeyote wa hapa Mtwara, kabla hujamaliza sentensi atakutajia jina lake.

Mla watu alikuja baadaye, mwaka 1968, katika Night of the Living Dead iliyotengenezwa na George Romero karibu na Pittsburgh kwa fedha kidogo, na la ajabu ni kwamba humo neno zombi halitamkwi hata mara moja; watazamaji ndio waliolibandika. Kutoka hapo likaenea dunia nzima likiwa na maana ya maiti mwenye njaa, na yule mfanyakazi asiye na sauti akasahaulika. Sitasema kwamba zombi wa Haiti na ndondocha wa Kusini ni ndugu wa damu. Ninachosema ni kwamba wamepewa kazi moja na adhabu moja, na mtu anayeishi kilomita chache kutoka Mikindani, bandari iliyowahi kupitisha misafara ya watumwa, hahitaji kuambiwa kwa nini adhabu hiyo inatisha.

Habari njema ya leo ni ya kibajeti. Filamu ya Romero ilibadilishwa jina muda mfupi kabla ya kutolewa, na kwenye nakala mpya wasambazaji wakasahau kuweka tangazo la hakimiliki, kosa ambalo kwa sheria ya Marekani ya wakati ule liliifanya kuwa mali ya umma. Ni hasara kubwa kwa waliotengeneza, lakini kwangu ina maana kwamba kuna picha moja ya maiti wanaotembea ninayoweza kuionyesha bila kumlipa mtu.

Ijumaa, 27 Juni

Wiki mbaya. Umeme ulikatika katikati ya mahojiano mawili, jenereta ya banda ikafunika sauti yote ya la tatu, na kadi moja ya kumbukumbu imekataa kufunguka ikiwa na dakika arobaini za mwenye banda akieleza jinsi alivyonunua runinga yake ya kwanza kwa fedha za korosho. Nimerudia mahojiano hayo, lakini mtu hasimulii kitu kimoja mara mbili kwa raha ileile. Kuanzia leo kila kadi itatolewa nakala tatu kabla sijala.

Jumamosi, 12 Julai

Tumepanda uwanda wa Makonde kwa njia ya Nanyamba, mimi, msaidizi wa sauti na mtafsiri, kwenda kumwona bibi yake mzaa mama. Ni siku ambazo watu wanapulizia salfa kwenye mikorosho, na njia nzima ilinuka hivyo. Nimerekodi pampu moja ya mgongoni ikinguruma kwa mbali, na sauti hiyo peke yake inatisha kuliko muziki wowote ninaoweza kuununua.

Bibi hajawahi kuingia katika banda la video. Alichotusimulia kwanza ni usiku wa kulinda shamba, pale mahindi na mpunga vinapokomaa na nguruwe pori wanapoanza kushuka, na watu wanalala katika dungu shambani. Nguruwe humleta simba, alisema, na simba akimkosa nguruwe huwa hachagui. Si hadithi za kizee. Watafiti walioongozwa na Craig Packer walichapisha mwaka 2005 hesabu yao kwamba tangu mwaka 1990 simba walikuwa wameua watu wasiopungua 563 Tanzania na kujeruhi zaidi ya 300, na pwani ya kusini, pamoja na mikoa hii yetu ya Lindi na Mtwara, ilikuwa miongoni mwa sehemu zilizoumizwa zaidi. Nao walieleza uhusiano wa nguruwe pori na mashambulizi hayo kama bibi alivyoueleza, ila kwa majedwali. Mwaka 2011 wakaongeza kwamba mashambulizi mengi hutokea tangu jua kuzama hadi kama saa nne usiku, hasa katika siku zinazofuata mwezi mpevu, wakati giza linapoingia mapema kabla mwezi haujachomoza na simba wana njaa ya usiku wenye mwanga. Mwezi ulipevuka juzi Alhamisi. Tulikuwa tumepanga kurudi mjini saa mbili usiku. Tulirudi saa kumi na moja jioni, na hakuna aliyetoa sababu.

Kabla ya kuondoka nilimwonyesha bibi, kwenye kompyuta ndogo, dakika tano za ile picha ya 1968. Aliitazama kwa makini kama mtu anayekagua korosho.

"Hawa nani anawalisha?"

"Hakuna, bibi. Wanakula watu."

"Na wanalala kwa nani?"

"Hawalali kwa mtu. Wanazurura tu."

"Basi hawana mwenyewe." Akaisukuma kompyuta kidogo kwa kidole. "Kitu kisicho na mwenyewe hakinitishi, mjukuu wangu. Ni kama mbwa koko, unachukua fimbo."

Nimeisikiliza sehemu hiyo mara sita njiani. Kwa mwezi mzima nilikuwa nikitafuta tofauti ya zombi na ndondocha katika chakula, katika ulimi uliokatwa, katika mwendo, na bibi ameipata katika swali ambalo mlezi yeyote huuliza juu ya mtoto wa mtu. Zombi anatoka kaburini tu. Ndondocha ana mwenyewe, na mwenyewe huyo ni mtu mnayesalimiana kila asubuhi.

Hapo hapo ndipo hatari ya filamu hii ilipo, na leo nimeiona kwa macho. Jirani mmoja aliyekuja kutuamkia, alipojua tunazungumza nini, aliinua mkono akaanza kuelekeza kwenye nyumba fulani. Nilizima kamera kabla mkono haujanyooka, na kipande kilichokuwa kimeingia nimekifuta mbele yake. Sheria ya Uchawi, ambayo imekuwapo tangu 1928, inafanya kumtuhumu mtu uchawi kuwa kosa, lakini hata isingekuwapo, tunajua nchi hii imezika wazee wangapi kwa sababu ya kidole kilichonyooshwa na macho yaliyokuwa mekundu kwa moshi wa kuni tu. Nimeiandika kanuni ukurasa wa kwanza wa daftari langu: hakuna jina, hakuna nyumba, hakuna kisa chenye mtu aliye hai.

Jumanne, 22 Julai

Nilikuwa na filamu ya wanaume watupu bila kujua. Dada wa msaidizi wangu ndiye aliyeniuliza kama nadhani wanawake hawaogopi, akanipeleka katika saluni moja ambamo, tangu saa nane mchana hadi jioni, wanawake watano hadi wanane husukana huku wakisikiliza simulizi za kutisha kwenye simu iliyowekwa ndani ya bakuli la chuma ili sauti iongezeke.

Hawa ni mashabiki wakali kuliko wa banda. Wanajua sauti za wasomaji na wanaweza kutabiri, kwa jinsi msomaji anavyovuta pumzi, kwamba sehemu ya leo itakatiwa mahali pabaya. Mwenye saluni bado anamkumbuka Nsyuka wa Mussa Banzi, filamu ya mwaka 2003 iliyochukua jina la mzuka kutoka Unyakyusa, ambayo aliitazama akiwa mwanafunzi na ambayo, kwa maneno yake, ilimfanya asichote maji jioni kwa muhula mzima. Mazombi hawawahusu kabisa. Simulizi wanazozitaka ni za ndani ya nyumba: mume ambaye miguu yake hakuna aliyewahi kuiona, wifi anayekuja kukaa siku tatu, chungu kisichofunguliwa.

Nikamuuliza mmoja wao kwa nini hawaji bandani Jumamosi. Aliacha kusuka. "Ninyi mkitishika mnasindikizana," alisema. "Mimi atanisindikiza nani saa saba usiku, na huyo anayenisindikiza atanirudisha salama? Sisi tunatishika mchana."

Jumapili, 10 Agosti

Mikindani. Vijana wanne wa mjini, watatu kati yao wakiwa wa banda letu, hutengeneza video fupi za kutisha kwa simu na huzipiga hapa kwa sababu ya magofu na milango ya zamani. Wanalikwepa Boma, lile la Wajerumani la mwaka 1895, kwa kuwa limekarabatiwa na kung'aa mno kwa kazi yao. Wanapenda kuta zilizoota mizizi.

Damu wanaipika wenyewe. Wanachemsha rozela hadi iwe nzito, wanaikoroga na uji mwembamba wa unga wa muhogo ili isitiririke haraka, na wanaongeza punje chache za kahawa ya unga, kwa kuwa bila kahawa hiyo, mkuu wao alinieleza kwa uzito wa mwalimu, damu hutoka ya harusi. Vidonda ni karatasi laini na gundi ya shule. Nilitumia saa nzima kupiga picha mikono yao tu, na nadhani zote zitaingia.

Mvutano ulikuja mchana. Walitaka muuaji wa video yao mpya avae kinyago cha Kimakonde, wakaenda kwa mchongaji mmoja mzee kukiazima. Nao hawakutaka sanamu za mashetani wanazouziwa watalii, mtindo ulioanzishwa na Samaki Likankoa miaka ya 1950 na ambao tangu mwanzo ulipata soko Dar es Salaam. Walitaka kinyago cha ngoma, cha midimu, ambacho hutokea vijana wanapotoka jandoni, na ambacho kwa desturi asiyeingia jandoni haambiwi kilivyo ndani. Mzee alikataa kabla hawajamaliza maamkizi. Kijana mmoja, akidhani atamlainisha kwa hekima, akasema, "Lakini babu, kinyago ulichokichonga mwenyewe kitakutisha wapi?"

Mzee alicheka kwa muda mrefu. "Hayo ni maneno ya watu wa huko pwani wasiochonga," alisema. "Anayekichonga ndiye anayejua atakayekivaa."

Kwa mara ya pili katika kazi hii mtu mzima amenijibu swali langu kwa kuuliza ni nani aliye nyuma ya kitu. Vijana walitengeneza barakoa yao kwa boksi na gunzi za mahindi, na kwa kweli ni mbaya sana, lakini ni yao.

Jumapili, 7 Septemba

Usiku wa kuwaonyesha wahusika mkato wa kwanza wa filamu, dakika 61, kwenye shuka jeupe nje ya banda ili wanawake wa saluni nao waje na waondoke kwa kundi. Niliipanga tarehe kwa kutazama ratiba ya mpira tu. Sikutazama mbingu, na mtu anayetengeneza filamu juu ya hofu ya usiku hana udhuru katika hilo.

Kama saa mbili kasoro nilimwona fundi baiskeli anageuza shingo. Mwezi ulikuwa umeanza kuliwa upande mmoja. Ilipofika saa mbili na nusu ulikuwa umepatwa wote, mwekundu kama shaba ya zamani, na ukabaki hivyo kwa zaidi ya saa nzima. Kutoka msikitini wakaita watu kwa swala ya kupatwa kwa mwezi; zaidi ya nusu ya watazamaji wangu waliondoka kwenda kuswali, waliobaki wakageuza mabenchi, na filamu yangu ikaendelea kuwazungumzia mgongoni. Msaidizi aliuliza kama azime. Nilimwambia aiache. Kwenye shuka bibi alikuwa akisema "basi hawana mwenyewe", na hakuna aliyecheka, lakini pia hakuna aliyekuwa akitazama.

Waliporudi tulianza upya kuanzia katikati. Maoni yalikuwa machache na ya maana. Mwenye saluni alisema sehemu yao ni fupi, na ni kweli. Mtafsiri aliomba sauti yake anapotamka ndondocha ishushwe, isikike kwa shida, na hilo nitalifanya kwa heshima ya wale wazee wawili. Mwenyekiti wa mtaa alikuwepo mpaka mwisho na hakusema lolote isipokuwa kuuliza kama yule mbwa koko aliyepita mbele ya shuka dakika ya arobaini alikuwa ndani ya filamu au nje.

Jumamosi, 20 Septemba

Nimekaa na maandishi ya tafsiri ya chini kwa ajili ya watazamaji wa nje. Mhariri mwenzangu wa Dar es Salaam alikuwa ameandika zombi kila mahali penye ndondocha, kwa hoja kwamba mtazamaji wa Ulaya ana sekunde mbili tu za kusoma. Hoja yake ni nzuri na nimeikataa. Badala yake nimehamisha mazungumzo na bibi kutoka dakika ya 38 hadi ya 9, kabla mtafsiri hajatokea, ili swali la nani anawalisha limfikie mtazamaji kwanza, na neno ndondocha nimeliacha kama lilivyo, bila maelezo.

Sehemu ya saluni imeongezwa dakika nne.

Jioni nilirudi bandani kupiga picha ya mwisho, ya daftari lenye jalada la bluu. Nilipolifungua nilikuta tayari wameiandikia filamu yangu mstari wake, kwa mwandiko wa fundi baiskeli, chini kabisa ya ukurasa: Picha ya njomba. Waliosindikizwa: 2. Na pembeni, kwa herufi ndogo: kwa sababu ya mwezi.